Sanda Yenye Mishono Mitatu

Thornhill, 7 Oktoba 2012

Mdogo wangu Jalaludin,

Salamun alaikum, na Mwenyezi Mungu akuhifadhi hapo Surabaya ulipo. Huku tu wazima kwa kiasi chetu. Mama anakusalimu kabla hata sijaanza. Amekaa kitandani na tasbihi yake ananiamrisha: mwambie magoti, mwambie sukari imeshuka, mwambie mhogo wa Kanada hauivi hata ukiuchemsha mpaka kesho. Basi nimekwambia. Shemeji yako Dilawar ni yuleyule, asubuhi anaingia kwenye gari kwenda ofisini Markham, jioni anarudi na malalamiko ya foleni. Sidra ametimiza miaka kumi na tano, amenipita kimo. Ukimsemesha Kiswahili anaelewa kila neno, halafu anakujibu Kiingereza.

Utajiuliza kwa nini naandika kwa mkono kama zama za marehemu Baba. Kompyuta ya nyumba hii ni moja, na barua pepe zangu Sidra ndiye anayenifungulia. Simu nimekupigia mara sita hushiki. Na ninalotaka kukuuliza sitaki litoke nje ya karatasi hii.

Sidra ana rafiki wa shule, Jennifer, anayekaa Agincourt. Mama yake Jennifer ni mtu wa huko Indonesia, ana duka la vyakula vya kwao. Ilianza na nyimbo. Wanazitazama kwenye mtandao, wanaiga kucheza mbele ya kioo, nikasema afadhali, wasichana wa nyimbo zile wengine wamejitanda ushungi. Zikaja tamthilia, mama mkwe katili na mkwe anayelia mvua na jua, hata Mama akawa anakaa pembeni haelewi kitu, anamlaani yule mama mkwe kwa Kikachi cha wazee wetu. Sasa wamefika kwenye mizuka. Mtu anafungwa sanda, kifundo kichwani, kifundo kiunoni, kifundo miguuni, anasimamishwa kando ya njia na kuruka mbele ya wapita njia. Watu wanaacha pikipiki wanakimbia, na anayerekodi anacheka. Wenyewe huuita pocong. Eti ni maiti ambaye waliomzika walisahau kumfungua vifundo.

Jalal, unajua kazi yangu. Akifariki mwanamke wetu hapa napigiwa simu, nakwenda kuosha pale imambara, ukumbi wetu wa ibada wa Bathurst. Vifundo vile navifunga kwa vidole hivi ninavyoandikia. Nilipoona vinafanyiwa mchezo nilimwambia Sidra azime. Lakini kabla hajazima, kamera ilisogea karibu na kichwa cha yule mtu, nami nikaona pembeni mwa kitambaa uzi wa kijani.

Mama alipotoka ziyara Karbala mwaka 2008 alituletea sanda tatu zenye dua. Akazitia alama pembeni kwa uzi wa kijani zisichanganyike: mshono mmoja yake, miwili yangu mimi wa kwanza, mitatu yako. Yake na yangu zimo ndani ya sanduku la bati chini ya kitanda chake, pamoja na kafuri na majani ya mkunazi. Yako ulikuja ukaichukua mwenyewe mwaka juzi, ukaibusu mbele yetu.

Nataka jibu moja tu. Sanda yako iko wapi?

Dada yako,
Parveen

*

Surabaya, 5 Novemba 2012

Kwa Dada Parveen, mkuu wa majeshi yote ya Thornhill,

Alaikumu salaam. Barua yako ilifika imelowa, maana mvua zimeanza na mtu wa posta wetu hana koti. Mimi mzima, nanenepa. Mwambie Mama mhogo wa huku unaiva vizuri, nakula na kumkumbuka. Mwambie Dilawar apande treni. Na huyo Sidra mwache ajibu Kiingereza, ipo siku Kiswahili kitamtoka chenyewe, damu haina kwingine pa kwenda.

Umenichekesha na mama mkwe wa kwenye tamthilia. Dada, hukuyaona ya huku. Nilipofika mwaka 2001 kununua karafuu, burudani ilikuwa televisheni ya jirani na dangdut, muziki wenye tabla na filimbi, ukiusikia utadhani uko harusini Tanga. Zikaja zile shoo za mizimu: mtu anaachwa peke yake kwenye nyumba mbovu na kamera, sisi mtaa mzima tumebanana sebuleni tunamtazama anavyotetemeka. Sasa hata televisheni imezeeka. Kila mwenye simu ni stesheni. Mlinzi wa geti la mtaa wetu alijirekodi akiufuatisha wimbo kwa midomo tu, na mustachi wake ule. Wiki mbili baadaye yuko Jakarta ndani ya suti inayomeremeta, nasi hatuna mlinzi.

Watu wa hapa wanapenda kuogopa, dada. Woga kwao ni kama pilipili, wanalia na wanaongeza. Hizo video za sanda ni utani wa vijana, zimejaa kila pahala, wala usizitie moyoni. Na uzi wa kijani unauzwa kila duka la dunia hii.

Karafuu si kama zamani lakini riziki haikatiki. Ila nakuomba, Mama asioneshwe mambo hayo. Moyo wake hauyawezi.

Huwa ananiulizia? Anasemaje? Niandikie hilo.

Mdogo wako mtiifu,
Jalal

*

Thornhill, 16 Desemba 2012

Jalal,

Salamun alaikum. Muharram imepita salama, Mama alihudhuria majlisi saba kati ya kumi, siku tatu magoti yalikataa. Theluji imeanguka mapema na Dilawar ameumia mgongo kwa kuizoa kwa koleo. Anakusalimu akiwa amelala chali.

Umeniandikia kurasa nzima, mlinzi, mustachi, suti, na jibu langu hukulitia. Wewe tangu utoto ukiulizwa nani kavunja chungu unaanza hadithi ya paka.

Alhamisi Mama alipokwenda imambara nilitoa sanduku. Nikazitandaza sanda mbili kitandani, yake na yangu. Kisha nikamwambia Sidra anifungulie ile video na kuisimamisha pale nitakapomwambia. Sikumpa sababu. Jalal, ni mitatu. Na ule wa tatu umepinda, kwa sababu Mama alijichoma sindano akiushona, akasema, "Huyu tangu tumboni msumbufu." Nilikuwepo. Nilimfunga kidole kwa kitambaa mimi.

Nikamwambia Sidra aachie iendelee. Yule mtu akaruka, akaangukia mguu wa kulia na kuuvuta wa kushoto. Namjua mmoja tu anayetua hivyo, aliteguka mguu kwa kuparamia ukuta wa madrasa akiwa na miaka tisa, nikambeba mgongoni mpaka nyumbani. Nikakaa juu ya mkono wa kochi. Kazi yangu ni maiti, siwaogopi. Lakini kumkuta ndugu yangu mzima ndani ya sanda, kwenye kompyuta ya mwanangu, anachekwa na watu wasiomjua, hilo limenitia baridi ambayo mpaka leo haijanitoka. Nikilala naona kifundo cha kichwani na nyuma yake sura yako ya utoto.

Na si hilo tu. Sidra amejifunza Kiindonesia kwa video hizi. Kiswahili cha bibi yake kimemshinda, Kiindonesia kimempata bila mwalimu. Nikamwomba anisomee watazamaji wanaandika nini chini yake. Wengi vicheko. Lakini wapo wa vijijini wanaosema mama zao wamezimia njiani, mmoja mimba imeharibika, na wamechoka. Mmoja ameandika kwamba kijiji chao wamechonga mianzi na wanakaa zamu. Sidra alicheka, kisha akanisomea la mwisho na hakucheka tena: "Safari ijayo tutajua kama maiti anatoka damu."

Hao hawatanii. Mzaha mzaha hutumbuka usaha, mdogo wangu. Na mtu aliyefungwa mikono ndani ya sanda atakimbiaje? Niambie, wewe mwenye majibu mengi.

Sidra hajui kuwa ni mjomba wake. Mama hajui kitu. Kila Ijumaa anauliza, "Jalal kapiga?" Ulitaka kujua anasemaje. Anasema hivyo tu, kisha anageukia dirisha.

Acha. Sikuulizi sababu, sitakusimanga. Acha tu.

Parveen

*

Surabaya, 20 Januari 2013

Dada,

Alaikumu salaam. Poleni na theluji. Usishangae mwandiko, naandika kwa mkono wa kushoto, wa kulia umechubuka kidogo, niliteleza.

Ni mimi.

Bohari la karafuu lilifungwa Juni. Sikukwambia kwa sababu ningekwambia ungesema rudi nyumbani, na nyumbani ndio wapi sasa, Tanga tuliuza, huko kwenu sina makaratasi. Jirani yangu Yanto ana kamera. Agus anauza supu ya mtaani, ana mke na watoto wawili, mchana supu, jioni tunatoka watatu. Agus alikuwa anavaa shuka, na watu walikuwa wanacheka kwa sababu shuka huonekana shuka. Yanto akasema tatizo ni kitambaa. Nami nikasema ninacho. Nilisema kwa kujisifu, dada. Nilikuwa nimekaa miezi sina cha kusifiwa.

Video ile ikatazamwa na watu wengi kuliko wakazi wa Tanga nzima. Watu wakawa wanasema hii si ya kuigiza, hii ya kweli. Maji nikawa nimeyavulia nguo.

Sasa nikueleze jambo ambalo sijamwambia mtu. Mwezi uliopita tulikwenda njia moja ya mashamba ya miwa, baada ya magharibi. Wenzangu wakanifunga, wakajificha. Tukasikia kelele za watu wengi wanakuja, Yanto na Agus wakatimua mbio. Mimi nikaanguka mtaroni. Kelele zikapita. Nikawaita wenzangu, kimya. Vifundo Agus alikuwa amevikaza, mikono imebanwa ubavuni, kitambaa kimenifunika pua. Nilikaa hivyo muda ambao sijui kuupima. Nikajaribu kusema shahada nikasahau katikati. Nikajiambia, hivi ndivyo ilivyo, na hakuna aliyekuja kunizika.

Nikasikia nyayo za mtu mmoja. Akaja akakaa kando yangu, akaanza kusoma Yasin, taratibu, yote, hakuruka aya. Alipomaliza akanifungua, kichwani kwanza, kiunoni, miguuni, kama anavyofunguliwa mtu kaburini. Mzee, ana jembe. Hakustuka kuniona napumua. Akanitazama usoni, akaniuliza kwa upole, "Umekufa lini, mwanangu?"

Akachukua jembe lake akaenda zake. Mkono ndio niliuchubua nilipokuwa nikitambaa kutoka mtaroni. Tangu siku hiyo nikiigusa sanda vidole vinakufa ganzi. Nasikia harufu ya kafuri kwenye chakula.

Ungedhani baada ya hapo nimeacha. Imebaki moja. Watu wa stesheni ya televisheni ya Jakarta wamemwahidi Yanto kwamba wakiipenda hii watatuchukua sote watatu, kazi ya kudumu, nyuma ya kamera, bila sanda. Ni Ijumaa tarehe 15 Machi, kijiji cha pili kutoka kwenye miwa ile. Agus amekwisha mwahidi mkewe. Nikijitoa mimi, wote wanaanguka. Moja tu, kisha naifua, naikunja, naomba toba.

Mama usimwambie. Mengine usiniombe, dada, nitashindwa kukukatalia na nitakwenda vilevile.

Jalal

*

Thornhill, 24 Februari 2013

Jalal,

Salamun alaikum. Salamu nyingine sina.

Mama ameona.

Ilikuwa Jumapili iliyopita, mchana. Dilawar aliunganisha kompyuta na televisheni kubwa ili Sidra na Jennifer watazame ngoma zao. Mama alikuwa kwenye kiti chake amefumba macho, wakadhani kalala. Zile video hujifuatisha zenyewe, moja ikiisha inakuja nyingine. Nilikuwa jikoni nakanda unga nikasikia sauti yake, "Simamisha." Nikatoka na mikono ya unga. Mama alikuwa amesimama bila kushikwa, anaiendea televisheni na mkongojo. Akaweka kidole juu ya kioo, pale penye uzi. Akahesabu. Akasema, "Huyu Jalal. Kaivaa mapema."

Hakulia. Ningependa angelia. Sidra ndiye aliyepiga ukelele, maana ndipo alipofahamu ni nani aliyekuwa akimcheka miezi yote. Jennifer akampigia mama yake aje kumchukua. Mama alirudi kwenye kiti, hakula mpaka magharibi, kisha akaniita akaniambia nifungue sanduku nikutumie sanda yake. "Iliyochezewa haitamfaa siku yake," ndivyo alivyosema.

Nikakataa. Mara ya kwanza katika umri wangu kumkatalia Mama. Nilimwambia kumtumia mtoto sanda ni kumwita Izraili kwa jina, na yeye ana miaka themanini na moja, akiondoka kesho nitamvika nini? Nimelifunga sanduku, ufunguo nimeuficha kwenye kopo la majani ya chai.

Naogopa, Jalal. Naogopa simu ikilia na naogopa isipolia. Namba yako sasa inasema haipo. Sidra amekuandikia chini ya video zenu mara tisa, kwa Kiindonesia, "Mjomba usiende," maneno yamezama kwenye maelfu ya vicheko. Barua hii ikichukua siku kumi na nane utaipata. Ikichukua ishirini utakuwa umekwisha kwenda. Nitaipeleka posta mwenyewe kwa miguu, ingawa barabara zimeganda na jana nimeanguka mara moja.

Usiende. Waambie unaumwa, waambie mama yako anakufa, nimekuruhusu kudanganya.

Parveen

*

Malang, 27 Machi 2013

Dada yangu,

Alaikumu salaam. Niko Malang kwa mtu tuliyekuwa tukifanya naye karafuu. Simu nimeitupa. Kama uliniandikia baada ya Januari sijaona barua, pale nyumbani sijarudi. Anwani mpya iko nyuma ya bahasha.

Kifurushi kilifika Alhamisi, tarehe 14, siku moja kabla. Harufu iliingia chumbani kabla sijakata kamba. Niliposhika kile kitambaa nikatafuta pembe, nikaona mshono mmoja. Nikakaa chini sakafuni. Hamkuweka barua ndani, juu kulikuwa na anwani kwa mwandiko wa Sidra, basi. Sikuhitaji barua. Nilijua Mama amejua, na nilijua amejivua yake kunipa mimi.

Ijumaa nikawaambia naumwa. Sikudanganya, nilikuwa natetemeka meno yanagongana. Yanto alitukana. Agus alicheka, akasema, "Basi nipe, ilikuwa kazi yangu kabla haijawa yako." Nikampa ile yangu. Dada, nilimpa kwa mkono wangu huu, nikamwambia tu avae ndala nyepesi.

Wanakijiji walikuwa wanawangoja. Mianzi uliyoniandikia ilikuwepo. Safari hii hawakukimbia. Yanto alikimbia na kamera yake. Agus hakuweza, nilimfunga mimi kabla hawajaondoka, nikamfunga vizuri kwa sababu Yanto alitaka ionekane kweli. Alipiga kelele kwamba yeye ni mtu, ana watoto, anauza supu. Nimeyasikia, kwa sababu kamera iliendelea kurekodi.

Alikufa siku ya tatu. Mkewe aliniomba nimwoshe, hakujua anamwomba nani. Nilimwosha. Nilifua damu maji saba mpaka ikatoka. Uliniuliza Oktoba sanda yangu iko wapi nami nikakuletea hadithi ya mustachi. Sasa nakujibu. Iko kaburini, Agus amelala nayo. Nilishuka mwenyewe shimoni nikafungua vifundo vyote vitatu, nikavihesabu kwa sauti mpaka imamu akanitazama.

Yanto ameitoa ile video. Imetazamwa kuliko zote. Wanaandika kwamba anaigiza vizuri. Mwambie Sidra asiitazame, umlishe hata kiapo.

Naogopa kila mtu anayepita dirishani na simu mkononi. Lakini nimeshaanza kutafuta nauli na makaratasi. Mwambie Mama nimeipata, nimeirudisha kwenye karatasi yake, haijavaliwa na mtu. Nitamrudishia kwa mkono wangu. Mwambie anisubiri.

Jalal

*

Thornhill, 21 Aprili 2013

Mdogo wangu mpenzi,

Salamun alaikum. Kaa chini kwanza. Kama uko peke yako, mwite huyo mtu wa karafuu akae nawe.

Mama hayupo. Alitutoka Jumatano, tarehe 3 Aprili, baada ya alasiri, kitandani pake, Sidra anamsugua miguu. Hakuteseka. Nilikutafuta kila njia niliyoijua. Barua yako imefika wiki mbili baada yake, nimeisoma nikiwa nimekaa juu ya kitanda chake, na pale ulipoandika "mwambie anisubiri" nililazimika kuiweka chini.

Nikueleze siku ile. Niliwapigia imambara, nikamwita Nilofar ninayeosha naye siku zote, kisha nikachukua ufunguo kwenye majani ya chai. Nikafungua sanduku. Kafuri ipo, mkunazi upo, sanda ni moja. Yangu. Nikapekua mpaka chini, nikatoa kila kitu sakafuni. Nilidhani nimerukwa na akili, Jalal. Mama yangu amelala mlango wa pili, nami mwosha maiti wa mji mzima sina cha kumvika.

Sidra alikuwa amesimama mlangoni. Akaniambia. Siku mbili baada ya mimi kukataa, Mama alimwita, akamwonesha kopo. Mimi nilikuwa imambara naosha marehemu wa watu. Walikwenda posta wawili hao, kwa basi, Mama na magoti yake yale, juu ya barafu. Kwa hiyo kifurushi hakikutoka kwangu. Usinishukuru. Mimi nilikataa, na kama ningetiiwa mimi, leo ningekuwa nawalilia wawili.

Nikamwuliza Sidra kwa nini hakuniambia. Akanijibu kwa Kiswahili, sentensi nzima, ya kwanza kuisikia kinywani mwake. "Bibi alisema, mimi nina mtu wa kunisitiri, Jalal hana."

Tukamwosha. Nikachukua yangu, nikafumua mshono mmoja, ukabaki mmoja, ikawa yake. Sidra alinishikia mkasi. Vifundo nilivifunga mimi. Kaburini alishuka Dilawar, nikamwapisha kwa Qurani asisahau hata kimoja, alipopanda juu nikamwuliza tena mbele za watu, naye hakukasirika.

Agus nimemsomea. Leo asubuhi Sidra amesoma nami Fatiha yake na ya Mama. Ile video hajaitazama. Kompyuta imefunikwa kitambaa tangu Aprili 3 na hakuna aliyemwambia aifunike. Mkewe Agus mpelekee salamu zangu, na siku utakapokuwa na nguvu mwambie aliyemwosha mumewe ni nani. Hilo usilikimbie. Litakutisha kuliko mianzi, lakini uende.

Usiku Sidra bado anaogopa, analala na mimi, Dilawar amehamia kochini. Jana aliniuliza, "Na wewe, Mama, utavaa nini?" Nikamwambia Karbala haijahama.

Njoo makaratasi yakikubali. Ila ile sanda usiirudishe, hapa hakuna wa kuivaa. Humu bahashani nimeweka uzi nilioufumua kwenye yangu, na kipande kingine nimekikata kwenye kibonge cha uzi cha Mama. Ongeza mishono miwili. Ule wa mwisho upinde kidogo.

Dada yako,
Parveen